Wachezaji wa Ridhaa

Mjomba alinitumia picha ya fomu saa tano usiku, na chini yake ujumbe wa sauti wa dakika nne. Dakika mbili za kwanza zilikuwa salamu. Ameishi Ohio miaka 17, anafanya kazi za zamu kwenye ghala, lakini bado hawezi kumwuliza mtu jambo kabla hajajua ameamkaje, amekula nini, na baridi ya huko aliko inamfanyaje. Kisha akafika penyewe. "Sasa mama, wewe ndiye unayesomea haya mambo ya haki na batili. Huyu mdogo wako anataka mpira wao. Nisaini, nisisaini?"

Mdogo wangu huyo ana miaka 15, urefu wa mita 1.90 na uzito wa kilo 118. Nilipomwona mara ya mwisho alikuwa anapita mlangoni huku ameinamisha kichwa, kama mgeni anayeomba samahani. Kocha wa shule yao alimwona kwenye foleni ya chakula. Hakumwuliza kama anajua kucheza. Alimwuliza anavaa kiatu namba ngapi.

Fomu yenyewe ilikuwa kurasa mbili. Aya moja ilisema mzazi anakiri kuelewa kwamba mchezo huu unaweza kuleta jeraha kubwa, kupooza au kifo, na kwamba pamoja na hayo anatoa ridhaa yake. Neno "kifo" Mjomba alikuwa amelizungushia duara kwa kalamu ya bluu.

Sikumjibu usiku ule. Asubuhi nilikuwa na kipindi, na kabla ya kipindi nilikuwa na kazi.

Ninasoma shahada ya uzamili ya falsafa katika chuo kikuu cha umma, jimbo la jirani na la Mjomba. Ili nilipe kodi ya chumba, ninakaa kaunta ya jimu ya wanamichezo kuanzia saa kumi na moja alfajiri. Ninagawa taulo, ninaandikisha majina, ninafuta jasho kwenye mabenchi. Ninayefanya kazi chini yake ni kocha wa viungo wa timu ya futiboli ya Kimarekani, mwanamume wa miaka arobaini na kitu, mikono mirefu, magoti yanayolia akipanda ngazi. Nitamwita Kocha, kwa kuwa hakuomba kuandikwa. Yeye ananiita Profesa, na anajua kabisa kwamba bado sijawa.

Kocha alicheza miaka 7 kwenye ligi kuu ya Marekani, NFL, katika timu 6. Ukisikia hivyo unaweza kudhani ni mtu maarufu. Mechi alizoanza, vidole vya mkono mmoja vinatosha kuzihesabu. Hakuchaguliwa kwenye mnada wa vijana wanaotoka vyuoni. Aliitwa baadaye kwa simu, akaachwa, akaitwa kwingine, akaachwa tena. Ligi ile ina timu 32, na mwishoni mwa Agosti kila timu hulazimika kupunguza wachezaji kutoka 90 hadi 53. Piga hesabu: zaidi ya watu elfu moja wanaambiwa waondoke karibu wakati mmoja. Wengine hurudishwa kwenye kikosi cha mazoezi, ambako kazi yao ni kujifanya wapinzani wa wiki hiyo ili wachezaji wenyewe wajifunze kuwapiga. Huko ndiko Kocha aliishi. Ana mkoba mmoja wa nguo tangu wakati ule, na mpaka leo hawezi kuning'iniza mashati kabatini. Mkewe amechoka kumwambia.

Nafasi yake ilikuwa kwenye mstari wa mbele wa timu inayoshambulia. Wasiojua mchezo huu, fikirieni watu watano wakubwa wanaoinama mbele ya mpira. Kwa kawaida hawaruhusiwi kudaka pasi. Kazi yao ni kusimama kati ya mwenye mpira na watu wanaotaka kumwangusha. Kila mchezo unapoanza wanagongana na mtu wa ukubwa wao, mara kadhaa kwa kumi katika mechi moja, na mwisho wa siku hakuna anayeandika walichofanya. Mtangazaji akitaja namba ya mmoja wao, mara nyingi ni kwamba amekosea.

Kocha aliponieleza hayo kwa mara ya kwanza, nilimwambia kwamba kwetu kulikuwa na watu wa namna hiyo, wanaitwa makuli. Babu yangu, baba yake Mjomba, alikuwa kuli katika bandari ya Tanga. Alibeba magunia. Bega lake la kulia lilikuwa chini kuliko la kushoto, na sisi wajukuu tulikuwa tukishindana nani anaweza kutembea kama yeye, mpaka siku mama alipotuona. Babu mwenyewe hakuwahi kulalamika. Alikuwa akilipapasa lile bega na kusema limewasomesha watu. Na ni kweli, lilimsomesha Mjomba na mama yangu. Kwa hiyo Mjomba aliponiuliza kuhusu kusaini, nilijua hakuwa anauliza habari za mchezo peke yake.

Darasani tuna namna ya haraka ya kumaliza mjadala huu. Tunasema: je, mtu mwenyewe amekubali? Kama amekubali, akijua anachokubali na bila kulazimishwa, basi sisi wengine tukae kando. Hoja hii ina heshima yake. Inamchukulia mtu mzima kama mtu mzima. Upande wa pili anasimama Kant, ambaye mwaka 1797 aliandika kwamba hata kuuza jino lako likapandikizwe kwenye kinywa cha mwingine ni aina ya kujiua nusu. Niliposoma ukurasa ule nilimkumbuka Babu nikacheka peke yangu maktabani. Kant aliishi Königsberg, mji wa bandari. Sijui kama aliwahi kuyatazama mabega ya waliomletea divai yake.

Lakini hoja ya kukubali nayo ina tatizo, na tatizo hilo naliona vizuri zaidi kwa Kiswahili. Magazeti yetu ya michezo yanagawa mabondia makundi mawili: wa kulipwa na wa ridhaa. Bondia wa ridhaa ni yule anayepigana bila mshahara. Tumelisoma neno hilo tangu utotoni bila kuliangalia. Tukitaka kusema mtu halipwi, tunasema amekubali. Kana kwamba anayelipwa ana sababu ya kuwa pale ulingoni, na asiyelipwa sharti awe na kitu cha kuziba pengo la sababu, na kitu hicho tukakiita ridhaa.

Wamarekani nao walihitaji neno la kuziba pengo lilelile. Mwaka 1955 kijana aitwaye Ray Dennison, mchezaji wa chuo cha Fort Lewis A&M huko Colorado, aliumia kichwa katika mechi akafa. Mjane wake alidai fidia, kama mjane wa mtu aliyefia kazini. Mwaka 1957 Mahakama Kuu ya Colorado ilimkatalia: marehemu hakuwa mwajiriwa. Ni katika miaka hiyohiyo chama cha michezo ya vyuo, NCAA, kilipotengeneza jina la "mwanafunzi-mwanamichezo" na kulisambaza kila mahali. Walter Byers, aliyekiongoza chama hicho kwa miongo mingi, alikiri mwenyewe katika kitabu chake cha mwaka 1995 kwamba jina lilibuniwa kwa sababu ya hofu ya kesi za namna hiyo. Vyuo vilikuja kuruhusiwa kuwalipa wachezaji moja kwa moja mwezi Juni 2025, jaji alipoidhinisha makubaliano ya kesi nyingine. Leo vijana ninaowagawia taulo, baadhi yao wanapata fedha kuliko mwalimu anayenisimamia. Sioni wivu. Afadhali. Lakini mdogo wangu wa miaka 15 bado ni wa ridhaa, kwa maana zote mbili.

Ridhaa, radhi, kuridhia, kuridhika: shina ni moja. Mtu anaweza kuridhia bila kuridhika, na ninadhani hapo ndipo penye kazi.

Wiki ile nilimsubiri Kocha amalize kundi la saa kumi na mbili. Nilimweleza habari za Mjomba. Nilidhani ataniambia mchezo unajenga wanaume, maana maneno hayo yameandikwa ukutani nyuma yake kwa herufi kubwa.

"Ana uzito gani?" akauliza.

"Kilo 118."

"Za kuzaliwa au za kulishwa?"

Nikamwambia ni za kuzaliwa. Akauliza nani anampikia. Nikasema mama yake, ugali na maharage, pilau siku za wageni.

"Mwacheni mama yake aendelee," akasema, akaketi kwenye benchi la vyuma.

Ndipo aliponieleza kwamba yeye maumbile yalimpa mwili wa kilo 100. Alikaa katika mwili wa kilo 138 kwa miaka 11, tangu chuoni. Aliweka saa ya kengele ilie saa nane usiku aamke ale mkate na siagi ya karanga, kisha alale tena. Kula ilikuwa kazi, na ndiyo kazi aliyoichukia kuliko kugongana. Siku aliyoachwa mara ya mwisho, akiwa kwenye gari kuelekea uwanja wa ndege, kitu cha kwanza alichofikiri si fedha wala aibu. Alifikiri: leo naweza kuruka chakula cha usiku.

Aristotle ana mfano mmoja ambao wanafunzi wa falsafa tunaupita haraka. Katika kueleza kwamba kadiri ya jambo si katikati ya hesabu, anasema mwalimu wa mazoezi hawezi kuamuru kiasi kilekile cha chakula kwa kila mtu kwa sababu tu kiko kati ya kingi na kidogo. Kitakuwa kidogo mno kwa Milo, yule mpiganaji mieleka mashuhuri wa Croton, na kingi mno kwa anayeanza. Mfano huu hutajwa kama mfano wa hesabu. Mimi siku ile niliuona kama maelezo ya kazi. Mwalimu wa mazoezi ni mtu anayepaswa kukutazama wewe, si jedwali, na kuamua mwili wako unataka nini. Lakini Aristotle hakuuliza swali la Kocha: je, kama anayelipa mshahara anataka Milo, na aliye mbele yako si Milo?

Kwa sababu Kocha alishawahi kutengeneza Milo wa uongo. Chuo kidogo, kazi yake ya kwanza. Alikuja kijana wa kilo 100, mwenye miguu myepesi. Kocha wa mstari alimtaka afike 127 kabla ya majira ya joto kwisha. Kocha alimwandikia ratiba: milo 6, vyuma siku 4 kwa wiki. Akafika. Akacheza misimu miwili, goti likakatika, akaacha. Uzito haukuondoka naye mchezoni, ulibaki. Miaka michache baadaye aliandika barua pepe ya heshima sana akiuliza namna ya kushuka, kwani daktari alikuwa amempa dawa za shinikizo la damu akiwa na miaka 26.

"Alikubali?" nikauliza.

"Alikubali. Mama yake pia. Hakuna aliyedanganywa." Akafuta mikono kwa taulo nililompa. "Yule angekubali chochote nilichomwambia. Ndiyo maana kukubali kwake hakukuwa na uzito."

Nimeirudia sentensi hiyo mara nyingi kuliko kitabu chochote cha muhula huu. Tunazoea kufikiri ridhaa ni kitu ambacho mtu anacho mfukoni, anakitoa au anakizuia. Lakini kuna watu ambao wakikuomba, unakuwa umeshatoa. Mwalimu ni mmoja wao. Kwetu kocha wa timu anaitwa mwalimu, na heshima anayopewa ni ileile ya mwalimu wa darasani. Mtu wa namna hiyo hawezi kujificha nyuma ya ridhaa ya mwanafunzi, maana sehemu ya ridhaa hiyo ameitengeneza yeye. Anadaiwa zaidi kwa sababu anakubaliwa kwa urahisi zaidi.

Nikamwuliza kwa nini basi bado anafanya kazi hii. Akanipa jibu ambalo darasani tungelichana vipande: mimi nisipofanya, atafanya mwingine.

Ni jibu la muuza silaha, na la kila karani aliyewahi kupiga mhuri karatasi mbaya. Lakini historia ya kazi yake inalipa nguvu kidogo. Mwaka 1963 timu ya San Diego Chargers ilimwajiri Alvin Roy, ambaye mara nyingi hutajwa kuwa kocha wa kwanza wa nguvu katika mchezo wa kulipwa. Kambini wachezaji walipewa vyuma, na pamoja na vyuma walipewa vidonge vya Dianabol, steroidi, mezani pamoja na chakula. Huyo mwingine atakayefanya si mtu wa kubuni. Ameshawahi kuwepo.

Hata hivyo nilimbishia, na nafikiri nilikuwa sahihi. Kama mwingine yeyote anaweza kukaa pale na mambo yakawa yaleyale, basi Kocha si kitu, ni kiti tu. Na kama mambo yatakuwa mabaya zaidi akikaa mwingine, maana yake uamuzi wake una uzito. Basi ahukumiwe kwa uamuzi huo, na asiseme tena kwamba ingekuwa hivyohivyo. Hawezi kuwa na vyote viwili. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema nije nyuma ya jengo.

Nyuma kuna uwanja wa mazoezi, na kando ya uwanja, chini ya kibanda, kuna birika kubwa la plastiki, la aina inayonywesha ng'ombe. Kuanzia mazoezi ya kiangazi anafika kabla ya wote, analijaza maji kwa mpira, anamwaga barafu magunia kwa magunia. Hamwachii mtu mwingine. Tarehe 29 Mei 2018, Jordan McNair, mchezaji wa mstari wa Chuo Kikuu cha Maryland, mwenye miaka 19, alizidiwa wakati wa mbio za mazoezi. Joto la mwili lilikuwa limepanda kupita kiasi. Dawa ya hali hiyo inajulikana: mtu atumbukizwe kwenye maji ya barafu papo hapo, na akiwahiwa kwa dakika hizo za mwanzo, karibu kila mara anapona. McNair hakutumbukizwa. Alifariki tarehe 13 Juni. Mwezi Agosti rais wa chuo alitamka hadharani kwamba chuo kinabeba lawama ya kisheria na ya kimaadili, na kocha wa viungo wa timu ile akaondoka.

"Birika hili bei yake haifiki dola mia kadhaa," Kocha akasema. Hakuongeza neno.

Nilitaka kuishia hapo. Ingekuwa hadithi nzuri: mtu aliyetumiwa na mchezo amerudi kusimama mlangoni. Lakini haki hainiruhusu. Misuli inalinda goti, inalinda bega, pengine inasaidia shingo. Haifiki kwenye ubongo. Ubongo unaelea ndani ya fuvu, na hakuna chuma unachoweza kunyanyua ukaukaza. Tena kadiri anavyomtengeneza kijana awe mzito na mwepesi, ndivyo kijana huyo anavyogonga kwa nguvu zaidi. Mgonjwa wa kwanza wa NFL kukutwa na ule uharibifu wa ubongo unaoitwa CTE alikuwa mtu wa mstari, Mike Webster wa Pittsburgh Steelers, aliyefariki mwaka 2002 akiwa na miaka 50. Aliyeugundua ni daktari Mnaijeria, Bennet Omalu. Mwaka 2017 watafiti wa Boston walichapisha matokeo ya ubongo wa wachezaji 111 wa ligi hiyo: 110 ulikuwa nao. Ubongo huo ulitolewa na familia, nyingi zikiwa tayari na wasiwasi, kwa hiyo si picha ya wachezaji wote. Lakini si picha ya kupuuza.

Kocha huandika mambo kwenye kiganja cha mkono kwa kalamu: saa ya kikao, jina la mchezaji mgeni. Inawezekana ni mazoea tu. Mimi pia huandika. Sikumwuliza, na sidhani nilinyamaza kwa adabu. Nafikiri niliogopa.

Jumapili nilimpigia Mjomba. Shikamoo, marahaba, ya kazi, ya shule, ya mwezi wa nne wenye theluji. Nikamwambia kwamba ingekuwa mimi nisingesaini. Nikamwambia pia kwamba si mimi ninayemwona kijana akipita mlangoni ameinama, wala si mimi niliyemsikia akisema kwamba ule uwanja ndio mahali pa kwanza ambapo ukubwa wake haumsumbui mtu. Kwa hiyo kabla hajaamua, aende shuleni. Aombe aonyeshwe birika la barafu liko wapi. Aulize ni nani mwenye mamlaka ya kusimamisha mazoezi, na kama mtu huyo yupo kila siku. Aulize wanataka mtoto aongezeke kilo ngapi. Kisha usiku, kijana akiwa peke yake, amwulize: kama yule kocha asingekuita kwenye foleni ya chakula, ungeutaka mchezo huu?

Mjomba alikaa kimya. Nilisikia televisheni yao, na shangazi akimwita mtu mezani.

"Babu yako hakuna aliyemwuliza," akasema.

"Ndiyo, Mjomba. Hakuulizwa."

Alikwenda shuleni Jumatano akiwa na sare ya ghala, kabla ya zamu. Birika walimwonyesha, jipya, bado na karatasi ya dukani. Mwenye mamlaka ya kusimamisha mazoezi walimtambulisha, dada mmoja mkufunzi wa afya, na Mjomba alimpenda kwa sababu alimtazama machoni. Kuhusu kilo walisema tutaona. Alichojibu kijana usiku, Mjomba hakuniambia, akasema hayo ni ya baba na mwana.

Alisaini. Alinitumia picha tena. Mbele ya jina lake, kwenye nafasi iliyobaki, alikuwa ameandika kwa mwandiko wake wa shule ya msingi ya Tanga: nimeridhia, sijaridhika. Hakuna mtu katika shule ile atakayeweza kuisoma.

Mwezi wa nane mdogo wangu alinitumia video ya mazoezi ya kwanza, sekunde 40, imechukuliwa na rafiki yake kutoka kwenye ngazi za uwanja. Anataka nimtazame akimsukuma mtu nyuma hatua nne. Nilimpongeza. Kisha nikaifungua tena na kuikuza pembeni, kule kwenye mstari wa chokaa, nikitafuta kitu chochote cha plastiki chenye maji ndani yake.